Umeikosa Marathon? Curly Wurly, Snickers, Charleston Chew au upike mwenyewe

Jirani yangu hapa Columbus, Ohio, ni mama wa miaka sitini na kitu. Mwaka jana gari letu lilikaa gereji wiki tatu, na wiki zote tatu yeye ndiye aliyempeleka binti yetu shule, tena akakataa hata hela ya mafuta. Nikamwambia, basi mama, sema chochote unachopenda nikununulie. Akacheka, akasema, "Niletee Marathon." Mimi nikajua anataka nikakimbie mbio.

Kumbe ni chokoleti. Tena chokoleti iliyozikwa zamani: kampuni ya Mars iliianza huku Marekani mwaka 1973, ikaacha kuitengeneza 1981. Mwaka huo mimi nilikuwa Tanga, darasa la pili, namung'unya gubiti. Sikuwahi kuionja na sitaionja. Lakini deni ni deni. Nilinunua kila kitu ambacho watu hutaja kuwa kinaweza kushika nafasi yake, nikapika na nyingine mwenyewe, tukaketi mezani na chai, yeye hakimu na mimi karani. Naandika tulichokiona kwa faida ya yeyote mwenye jirani, mkwe au bosi wa Kimarekani wa rika hilo, ambaye sauti hubadilika akilitaja jina la Marathon.

Ilikuwaje hasa

Aliyekulia pwani afikirie ukili kabla haujashonwa kuwa mkeka. Nyuzi za karameli zilizosukwa zikaacha matundu katikati, kisha zikavikwa chokoleti ya maziwa. Urefu inchi 8, yaani kama sentimita 20. Karatasi yake ilikuwa nyekundu, na mgongoni walichora rula, inchi kwa inchi, mtoto aweze kuhakikisha mwenyewe kwamba hajapunjwa. Ujanja mzuri huo, maana kitu kilichosukwa huwa kirefu kwa macho kuliko kilivyo kwenye mizani. Ukinunua Marathon ulinunua karameli, chokoleti na hewa kiasi.

Tangazo lake la televisheni lilikuwa na mchunga ng'ombe wa kofia kubwa, Marathon John, aliyeigizwa na Patrick Wayne, mtoto wa yule John Wayne wa sinema. Marathon John hana haraka na jambo lolote. Mpinzani wake, Quick Carl, yeye kila kitu ni mbio mbio. Carl anaaibika, John anaendelea kutafuna taratibu. Habari ndiyo hiyo, na ukiitazama vizuri utaona kwamba walichokuwa wakiuza ni muda: pipi hii hukaa mdomoni.

Jirani yangu alipoanza kusimulia, naye hakugusia utamu hata mara moja. Alisema yeye na kaka yake walikuwa wakishindana nani atamaliza wa mwisho. Anayemaliza wa mwisho ndiye mshindi, kwa sababu anakula huku mwenzake akitazama mikono mitupu. Siku moja kaka alificha kipande mfukoni akajifanya amemaliza, kisha akakitoa baada ya chakula cha jioni. Miaka hamsini imepita na bado ana kinyongo.

Kwa hiyo kabla hujatoa hela yako, muulize mwenye hamu: unachokikosa ni nini? Kuna anayekosa ile kazi ya taya. Kuna anayekosa umbo, ule msuko na urefu wake. Na kuna anayekosa jina, ambaye huenda hata hiyo iliyosukwa haijui, kama utakavyoona kwa shemeji yangu. Kila mmoja dawa yake ni tofauti.

Curly Wurly: mkubwa wake aliyebaki hai

Ukiuliza watu kumi, tisa watakuambia nunua Curly Wurly ya Cadbury, na hawakosei. Hii ilitangulia: ilianza kuuzwa Uingereza mwaka 1970, miaka mitatu kabla ya Marathon, na mpaka leo ipo. Waingereza wa rika hilo nao wana tangazo lao, la mchekeshaji Terry Scott, mtu mzima mwenye kitambi, amevaa sare ya shule na kaptura. Umbo ni lile lile, kama ngazi ya kamba iliyokanyagwa ikalala bapa, ndani karameli ngumu, juu chokoleti ya maziwa.

Nilimpa ya kwanza bila kumwambia jina. Akaitazama, akaigeuza, akasema, "Hii imepungua." Hakuwa anaota. Zamani Curly Wurly ilikuwa na gramu 26, siku hizi ni 21.5. Wenye kampuni wana maelezo yao kuhusu kalori. Mimi ninachojua ni kwamba saa ya simu yangu ilisoma dakika tatu na sekunde chache tangu aume mara ya kwanza hadi alambe kidole. Kwa mashindano ya kaka na dada hizo ni dakika chache mno. Ukiamua kununua, mpe mbili kwa mkupuo.

Utafunaji, hata hivyo, aliupa alama nzuri. Karameli ya Curly Wurly ni kavu na ngumu kidogo, inavutika kabla ya kukatika. Kuna kero moja ambayo kila aliyewahi kuila anaijua: ukiikunja, chokoleti inabanduka vipande vipande na kukumwagikia kifuani. Ikitoka kwenye friji huvunjika kama kijiti, na hapo hakuna msuko tena. Dawa ni kuiweka mfukoni dakika kumi kabla ya kula. Jirani alipoiacha ipate joto alifumba macho akasema "karibu", kwa maana ya kuikaribia ile yenyewe, si hilo letu la mlangoni.

Chokoleti ndiyo iliyomtatiza. Alisema ina mafuta mdomoni. Nikasoma karatasi: kuna mafuta ya mawese na ya shea ndani yake. Sheria za Uingereza na Ulaya zinaruhusu hadi asilimia 5 ya mafuta mengine ya mimea kwenye kitu kinachoitwa chokoleti ya maziwa. Za Marekani haziruhusu, lazima mafuta yawe ya kakao na ya maziwa, vinginevyo ubadilishe jina. Kwa hiyo Mmarekani aliyelelewa na chokoleti ya Mars ataihisi tofauti hata kama hawezi kuieleza. Binti yangu, ambaye hana historia na yeyote kati yao, alisema hii ndiyo tamu kuliko zote.

Sasa kuipata. Hapa Marekani leseni ya chokoleti za Cadbury iko kwa kampuni ya Hershey tangu 1988, na Hershey haitengenezi Curly Wurly. Utakayoikuta imevuka bahari, kwenye maduka ya bidhaa za Kiingereza au mtandaoni, na bei yake itakukumbusha kwamba imesafiri. Usiagize Julai wala Agosti. Mafuta ya kakao huyeyuka kwenye nyuzi joto kama 34, na gari la posta lililosimama juani hupita hapo bila taabu. Ikifika ina weupe kama unga juu, hiyo si kuvu, ni mafuta yaliyoyeyuka yakaganda upya. Inalika, ila sura imeharibika, na kwa mtu anayeila kwa macho kwanza, sura ni nusu ya zawadi. Ukiwa Uingereza huna shida hizi, ipo kila duka la kona. Zipo pia Squirlies, vipande vidogo vya Curly Wurly kwenye mfuko. Kwa jambo letu hili havifai. Marathon iliyokatwa vipande ni sawa na kuimba shairi la beti kumi ukaishia kibwagizo.

Snickers: Marathon ya watu wengine

Nilipomsimulia shemeji yangu wa Leicester, Uingereza, kazi niliyonayo, alishangaa. "Marathon? Si ile ya karanga?" Tukabishana kwenye simu nusu saa, kila mtu akijiona ana hakika, na wote tulikuwa sawa.

Mars hao hao, kwa miaka mingi, walikuwa wakiuza Snickers Uingereza na Ireland kwa jina la Marathon. Snickers ya Marekani ni ya 1930, inasemekana ilipewa jina la farasi wa familia ya Mars. Uingereza jina hilo lilikaa vibaya kwa sababu linakaribiana mno na neno lao la chupi. Mwaka 1990 wakaamua dunia nzima iwe na jina moja, na Marathon ya karanga ikageuka Snickers kule pia. Mwafrika Mashariki aliyehamia Uingereza kabla ya hapo, na wapo wengi, akikuambia anaikumbuka Marathon, huyo anazungumzia karanga, nugati (ule mchanganyiko laini wa sukari na ute wa yai) na karameli. Usimhangaishe na misuko.

Kwa huyo uchaguzi ni mwepesi kuliko wote, na wa bei nafuu kuliko wote: nunua Snickers. Kitu ni kile kile, jina tu limebadilika. Ukitaka na jina, mwaka 2008 na tena 2019 Mars waliirudisha karatasi ya Marathon kwa muda mfupi kwenye maduka ya Morrisons, na walioishi maisha ya kutunza vitu wanayo makaratasi. Hata Dar na Nairobi Snickers iko supamaketi, karibu na kaunta, ambapo mtoto hukushinda.

Lakini kwa Mmarekani wa 1973 hadi 1981 Snickers haifai kabisa, na hapa nina onyo. Ukitafuta mtandaoni kwa jina tupu la Marathon, utaletewa vitu vitatu tofauti: makaratasi ya zamani ya Kimarekani yanayouzwa na wakusanyaji, habari za Snickers ya Uingereza, na pia Snickers Marathon, chakula cha wanamichezo ambacho Mars walikitoa Marekani miaka ya 2000. Hicho cha tatu nilikinunua kwa pupa kutoka kwa mtu, kimekwisha muda wake, hata kuku nisingempa. Soma tangazo mpaka mwisho.

Jirani niliyempa Snickers kwa heshima ya shemeji aliila yote, akasema ahsante, akauliza iko wapi Marathon.

Za kutafuna tu

Charleston Chew ni mkongwe wa 1925, nugati iliyovikwa chokoleti, ndefu na nyembamba. Urefu inao na kutafuna inako, lakini nugati na karameli ni kama chapati na mkate wa kumimina: zote nzuri, hakuna atakayekubali moja kwa jina la nyingine. Wamarekani huigandisha kwenye friza, wanaipiga mezani, inapasuka vipande. Mchezo mzuri kwa watoto.

Milk Duds ndizo zilizokaribia Curly Wurly kwa kazi ya taya, ila ni gololi ndogo na tangu 2008 haziwekwi chokoleti ya maziwa ya kweli, wamebadilisha kwa ganda la mafuta ya mimea. Jirani alizijua zamani na akalitambua hilo kabla sijamsomea boksi.

Rolo nilikuwa nimeidharau, nikajifunza adabu. Aliyekuwa na miaka kumi mwaka 1975 sasa amevuka hamsini, na kinywa chake si kile. Ana jino lililovikwa kofia, ana daraja, huenda ana meno ya bandia. Karameli ngumu inang'oa kofia ya jino kama koleo. Jirani yangu ana mbili upande wa kushoto na alikuwa anatafunia kulia muda wote bila kusema, mpaka nilipomuuliza. Rolo ndani ni laini kuliko hizo nyingine. Haina msuko, haina urefu, haina muda. Ila kama unamnunulia mtu mwenye meno ya wasiwasi na unataka tu aonje karameli na chokoleti ya maziwa pamoja bila kumtembelea daktari, chukua Rolo na umwambie ukweli kwamba ni Rolo.

Kupika mwenyewe

Hapa ndipo nilipopoteza wikendi mbili, na sijutii.

Faida kubwa ya kupika ni kwamba ugumu wa karameli unauamua wewe, kwa kipimajoto. Karameli ni sukari, maziwa na maji yanayopungua. Kadiri moto unavyopanda maji yanapungua, na kadiri yanavyopungua inakuwa ngumu. Ikiondolewa kwenye nyuzi 118 za Selsiasi ni laini, inaliwa vizuri lakini ukiisuka inalegea na kulala. Ikifika 125 imeanza kuwa tofi ya kupigia mlango. Niliyoikubali ni 121. Tofauti ya nyuzi tatu inaonekana ndogo, na jikoni ni kama dakika moja na nusu, kwa hiyo usiende kujibu simu.

Nilitumia gramu 200 za sukari, gramu 150 za sharubati nyeupe ya mahindi inayouzwa kwenye chupa, mililita 240 za krimu nzito, gramu 60 za siagi na chumvi kijiko kidogo nusu. Sharubati usiiache, ndiyo inayozuia sukari isirudi kuwa chengachenga. Sufuria iwe kubwa mara tatu ya ulichoweka, maana krimu inafura. Ikifika joto lake, imwage kwenye trei iliyotandikwa karatasi ya kuokea, iache ipoe hadi iwe vuguvugu, ikubali kidole bila kunata. Ikate mistari membamba kama penseli. Kisha suka mitatu mitatu, ukiilegeza ili matundu yaonekane, uibonyeze kidogo ilale bapa. Mke wangu alinitazama kidogo, akaninyang'anya. Kusuka ni kazi yake, alisema, mimi nisimamie chokoleti.

Chokoleti ya maziwa nayo ina masharti. Ukiiyeyusha tu na kuchovya, itakauka na mabaka na kukushika vidole. Yeyusha theluthi mbili hadi nyuzi 45, ondoa motoni, tia theluthi iliyobaki ikiwa imekatwa vipande vidogo, koroga mpaka ishuke 29 au 30. Hapo ndipo inapokauka inang'aa na kulia "tak" ukiivunja. Msuko uwe baridi kidogo, lakini si wa kutoka friji moja kwa moja, vinginevyo chokoleti inapasuka juu yake.

Gharama? Viungo vyote pamoja vilizidi bei ya Curly Wurly kadhaa zilizovuka bahari, na sijahesabu kipimajoto. Muda, nusu siku. Mtu mwenye haraka asianze. Aliyeko Dar au Mombasa asubiri Julai au awe na chumba chenye kiyoyozi, kwa sababu chokoleti ya nyuzi 30 katika jiko la nyuzi 32 haitaganda hata ukiisomea.

Mama yangu kule Tanga, nilipomwonyesha picha, aliuliza, "Mwanangu, ndiyo ulichokwenda kukisomea huko?"

Nilimpelekea jirani misuko minne kwenye karatasi nyekundu niliyoinunua duka la zawadi. Aliuma wa kwanza akanyamaza. Akatafuna upande wa kulia, polepole kabisa, akinitazama kama mtu anayesikiliza kitu kutoka chumba cha pili. Dakika tano na nusu. Akasema chokoleti ni nzito kuliko ile, karameli ndiyo yenyewe. Kisha akafungua droo ya jikoni, akatoa rula ya shule ya mjukuu wake, akaulaza msuko wa pili juu yake.

Inchi sita. Tulikata mistari ya inchi nane hasa tukasahau kwamba kusuka hula urefu, jambo ambalo mke wangu asema alilijua ila hakuulizwa. Ukijaribu, kata inchi kumi na moja. Jirani aliandika 6 kwa kalamu kwenye ile karatasi nyekundu, akanirudishia, akasema ananidai inchi mbili kwa kila mmoja. Jumla nane. Marathon nzima.